Kilo Mbili za Sukari Siku ya Zoezi la Mionzi

Leo sina uso. Barua hii naiandika mchana kweupe, mlango nimeutia komeo, na dirisha nimeliacha wazi upana wa kidole kimoja tu ili nione ninachoandika. Tatu na Mwanaidi, mashoga zangu wa Lindi, mkishaisoma ichaneni. Msiipeleke barazani kwa wasuka mikeka. (Nawajua. Mtaipeleka.)

Nitaeleza pole pole tangu mwanzo.

Mnajua huu ni mwaka wangu wa nne wa ubalozi wa nyumba kumi hapa Temeke. Kazi yenyewe si kubwa. Naamua ugomvi wa kuku, naandikisha wageni, nahimiza watu wafyeke majani na wahudhurie mikutano. Miaka minne yote sijanyooshewa kidole. Hata Mama Pili wa nyumba ya tatu, ambaye akimwona malaika atamtafutia kasoro, hajawahi kusema balozi Somoe ni mlanguzi. Jina langu lilikuwa safi. Naomba mkumbuke hilo, maana ndilo lililokwenda na maji leo asubuhi.

Yalianza na redio. Nadhani na nyie mlisikia huko: tanuri la nyuklia limeharibika ng'ambo, watu wamehamishwa makwao wakaacha vyungu jikoni. Mie nikasema maskini, poleni, nikaendelea kuchagua mchele. Ng'ambo ni mbali. Wiki haijaisha, nikaitwa semina ya mabalozi pale tawini, ya kujiandaa na dharura ya nyuklia. Dharura ya nyuklia, Temeke!

Mwalimu wetu alikuwa kijana mtaalamu, mwembamba, miwani mikubwa. Alituambia tanuri la nyuklia tulifikirie kama chungu kikubwa kinachochemsha maji bila kuni wala mkaa, kwa sababu moto wake unatoka ndani ya madini yenyewe. Chungu kikiwa kizima, mvuke wake unazalisha umeme. Kikipasuka, kinatoa mionzi.

Balozi mmoja mzee akanyoosha mkono. "Ndugu mtaalamu, sie hata taa ya mtaani hatuna. Hicho chungu kitatupasukia kutoka wapi?"

Tulicheka ukumbi mzima. Aliyecheka kwa sauti kubwa kuliko wote alikuwa mimi.

Yule kijana hakucheka. "Mzee wangu, kuna meli za kivita zinazoendeshwa kwa tanuri la namna hiyo hiyo. Zinapita humu humu baharini kwetu, na hatuulizwi. Kutoka hapa mpaka bandarini ni mwendo gani?"

Kicheko kilikatika papo hapo. Kutoka kwangu mpaka bandarini ni pua na mdomo. Meli ikipiga honi, mjukuu wangu mchanga anashtuka usingizini.

Akaendelea. Mionzi haionekani, hainuki, haina ladha. Hatari ikitokea, mtu asikimbie ovyo. Aingie ndani, afunge milango na madirisha, afunike maji na chakula, ajifunge kitambaa kibichi puani, asikilize redio, na asitoke mpaka aambiwe na kiongozi wake. "Na kiongozi wake ni nani?" akauliza. Tukaitikia kwa pamoja, "Balozi!" Mwili ulinisisimka. Kisha tukapewa chai ya rangi bila sukari, maana hiyo ilikuwa wiki ya pili sukari haijaonekana mjini.

Shikeni na hilo la sukari, nitalirudia.

Binti yangu Mwajuma amejifungua na yuko kwangu anamalizia arobaini. Mnajua mzazi anavyotakiwa kunywa uji wake wa pilipili manga, mtamu, wa moto, maziwa yatoke. Siku tisa mfululizo amekunywa uji wa chumvi. Hanung'uniki. Ila kila nikimpa bakuli ananitazama kwanza mimi, halafu anatazama uji, halafu anakunywa. Heri angenitukana.

Basi. Mwisho wa semina ikatangazwa kwamba nyumba kumi za majaribio zitakuwa zangu. Sababu yake sijui (labda ni kile kicheko). Ndugu Mratibu angekuja kutoka wilayani na saa yake na daftari lake kuangalia zoezi la kujifungia ndani nusu saa. Tukifaulu, kata nzima itajifunza kwetu, na mie nitatumwa kuwafundisha mabalozi wengine. Nilirudi nyumbani nikitembea katikati ya njia, mabega juu. Kiburi, jamani, si maungwana.

Wiki nzima nikapita nyumba kwa nyumba. Kueleza kitu kisichoonekana ni kazi. Nikawaambia, "Upepo ukigeuka, si tunanusa machinjio ya Vingunguti? Ng'ombe tumewaona? Basi mionzi nayo inakuja na upepo vivyo hivyo, ila yenyewe hata hainuki."

"Sasa kama hainuki na haionekani, wewe umejuaje kwamba ipo?" Mama Pili akaniuliza.

Nikaona maneno hayatoshi. Nikachota majivu jikoni kwake, nikayapeperusha juu ya dagaa wake aliowaanika kwenye mkeka. "Umeona? Hivyo ndivyo inavyotua kwenye chakula!"

Somo lilieleweka. Mama Pili alinifukuza na mwiko mpaka nyumba ya sita. Lakini tangu siku ile, ukisema neno mionzi mtaani kwetu, watu wanaingiza dagaa ndani.

Kwa Mzee Chilumba nilikwenda na adabu zote. Yeye ni Mmakonde wa Newala, mchonga vinyago, anakaa barazani kwake tangu alfajiri anachonga mpingo, na neno lake mtaani kwetu lina uzito kuliko langu.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, mwanangu. Hiyo nusu saa ya kukaa ndani, mtu akiwa na haja?"

"Asitoke, Mzee. Atumie ndoo."

"Na mtu akisikia kelele nje?"

Hapo ndipo nilipojichimbia kaburi, wenyewe mtaona. Nilipandisha sauti ili na majirani wasikie. "Asitoke! Hata akisikia nini, asitoke! Hata likija lori la sukari!"

Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Maneno yale yakawa wimbo. Nikipita, utasikia mtu anasema, "Balozi, hata lori la sukari?" Nami najibu kwa madaha, "Hata lori la sukari!"

Tukakubaliana ishara. Pale uwanjani tuna rimu ya lori iliyoning'inizwa kwenye mkorosho, ya kuitia watu mkutanoni. Nikigonga mara tatu, kila mtu ndani. Nikigonga mfululizo, hatari imekwisha, tokeni. Na wa kugonga ni mimi peke yangu.

Leo asubuhi Ndugu Mratibu akafika. Mtu wa makamo, suti ya Kaunda imenyooka, saa kubwa mkononi, sauti ya chini. Nilikuwa nimevaa khanga yangu mpya, na nyingine nimeilowesha maji tayari kwa pua. Saa tatu kamili akanipa ishara ya kichwa. Nikashika nondo, nikagonga. Ngo! Ngo! Ngo!

Mashoga zangu, sijawahi kuona kitu kama kile. Watu wangu walitoweka barabarani! Mikeka ikakunjwa, dagaa wakaingia, mitungi ikafunikwa kwa ungo. Mama Pili alikimbiza kuku wake mmoja mmoja mpaka wote wakaingia, na mlango wake ndio ulikuwa wa kwanza kufungwa. Mzee Chilumba alifunika vinyago vyake kwa gunia, akaingia bila haraka, akavuta mlango. Kisha kimya. Nyumba kumi, kimya! Mtaa ambao hata msibani watu wanabishana, leo unasikia nzi akipita.

Ndugu Mratibu aliangalia saa. "Dakika nne," akasema. Akaandika. "Ndugu Balozi, hii sijawahi kuiona kokote."

Nilitaka kulia kwa furaha. Tukazunguka pamoja, nyumba moja hadi nyingine, nikigonga milango: "Mko salama?" Wakiitikia ndani, "Salama, Balozi!" Tukarudi kwangu, tukajifungia ukumbini kumalizia nusu saa. Mwajuma alikuwa chumba cha nyuma na mtoto. Nikamkaribisha mgeni uji. Alionja wa chumvi, akaweka bakuli chini taratibu.

Ilikuwa imebaki robo saa na ushei niliposikia kile kikohozi.

Lori la duka letu la ushirika nalijua kama ninavyojua sauti ya marehemu mume wangu. Likikata kona ya shule linakohoa mara tatu, halafu linapiga kelele ya gia. Nikatega sikio. Kikohozi cha kwanza. Cha pili. Cha tatu. Gia.

Nikasogea dirishani, nikachungulia upenyoni. Lori lile pale, ng'ambo ya uwanja, mbele ya duka! Wapakuzi wanashusha magunia meupe. Moja likachanika pembeni kidogo, kikamwagika kitu cheupe kinachometameta, na mpakuzi akainama akalamba kidole.

Sukari! Baada ya wiki tatu, sukari!

Sasa nyie mko Lindi, huenda mambo yetu ya foleni hamyajui. Huku kwetu jiwe ni mtu. Bidhaa ikifika, unaweka jiwe lako kwenye foleni, unakwenda zako kupika, na jiwe linasogezwa na wenzako kama vile ni wewe mwenyewe umesimama. Kila mtu ana jiwe lake na linajulikana. La kwangu ni nusu tofali la saruji lenye tundu katikati. Kuiba nafasi ya jiwe la mtu ni kosa kubwa kuliko kumtukana mama yake.

Na pale upenyoni nikaona watu wa mtaa wa pili wanamiminika na mawe yao. Watu wangu je? Watu wangu wamo ndani, kwa amri yangu. Hakuna hata dirisha lililotikisika.

Nikafikiri haraka. Nikigonga rimu sasa, zoezi limevunjika, na Ndugu Mratibu ataandika tumeshindwa. Nisipogonga, sukari itaisha nyumba kumi zikiwa gizani. Mtu mwenye akili angemgeukia mgeni aseme, Ndugu, hali ndiyo hii, tufanyeje? Lakini wakati huo huo Mwajuma akakohoa kule chumbani, nikaliona lile bakuli la uji wa chumvi, na akili ikaniambia: Somoe, nenda kaweke jiwe tu. Jiwe tu! Dakika moja!

"Ndugu Mratibu," nikasema, "ngoja nikakague nyumba ya mwisho. Kuna mzee pale hasikii vizuri."

(Nyumba ya mwisho ni ya Mzee Chilumba. Anasikia mpaka mchwa wakila mbao.)

"Nenda, Ndugu," akasema. Akaandika kwamba balozi ana bidii.

Nikajitanda ile khanga mbichi kichwa na pua, yakabaki macho. Nikasema moyoni, hakuna atakayenijua. Nikainama barazani, nikabeba nusu tofali langu lenye tundu, nikaukata uwanja mbio. Mtu mwenye cheo, mama mzima mwenye mjukuu, nakimbia nikiwa nimekumbatia tofali! Kichwa nilikuwa nimekificha, lakini lile tofali Temeke nzima inalijua.

Nikalitua nyuma ya jiwe la ishirini na ngapi sijui. Nikageuka nirudi. Wallahi nilikuwa nageuka nirudi.

"Balozi Somoe?" Ni mama mmoja wa mtaa wa pili, ana beseni kichwani. Alikuwa anatazama tofali, si mimi. "Mbona umejifunga puani?"

"Aa, si kitu."

"Si kitu?" Akatazama kule nilikotoka. "Mbona mtaa wako wote umefungwa? Hata kuku hamna!"

Foleni nzima ikageuka. Wakaiona: nyumba kumi, milango kumi imefungwa, hakuna mtoto, hakuna mbuzi, hakuna moshi. Na mbele yao balozi, khanga mbichi puani, macho yamemtoka. Na kila mmoja wao alikuwa amesikiliza redio.

"Watu wako wako wapi?" yule mama akauliza tena, sasa sauti imepungua.

"Wako ndani. Kuna ile mionzi..."

Nilikuwa namalizia kusema ni zoezi tu. Neno zoezi lilikuwa mdomoni, limeshafika kwenye meno. Lakini lilipotoka halikumkuta mtu. Jamani! Nimewahi kuona watu wakikimbia nyuki, nimewahi kuona watu wakikimbia mgambo, lakini leo nimeona watu wakikimbia sukari! Beseni likaanguka likazunguka kwa mlio. Ndala zikabaki. Wapakuzi wakajitupa ndani ya lori, wakapandisha vioo. Mzee mmoja wa mkongojo alinipita kama upepo, mkongojo kaushika mkononi.

"Ni zoezi!" nikapiga kelele. "Rudini, ni zoezi!" Khanga mbichi ikanizibia, nikapaliwa, nikaanza kukohoa. Waliogeuka kutazama wakamwona balozi anakohoa. Wakaongeza mwendo.

Nikabaki mimi na mawe.

Sasa yule muuza duka, Ndugu Salehe, muda wote huo alikuwa ndani akisawazisha mizani, mgongo kaugeuzia nje. Hakuona lolote. Akageuka, akachungulia dirishani, akaona mtu mmoja tu.

"Loo! Leo foleni fupi. Haya wa kwanza, Balozi! Kilo ngapi?"

Tatu, Mwanaidi, mnanijua tangu utoto. Hapo ndipo pa kusema, "Ngoja kwanza, niwaite watu." Maneno hayo niliyafikiri, nayakumbuka vizuri. Lakini ulimi ukatoka wenyewe, kama si wangu, ukasema:

"Mbili."

Akazoa, akapima. Ule mlio wa sukari ikimiminika kwenye mfuko wa kaki! Wiki tatu sijausikia. Nilifumba macho. Sijui nilisimama hivyo kwa muda gani. Nilipofumbua, mfuko uko mikononi mwangu, na nyuma yangu nikasikia mtu akikohoa kidogo, kwa heshima.

Ndugu Mratibu. Daftari kwapani. Saa mkononi.

"Ndugu Balozi," akasema kwa ile sauti yake ya chini. "Hii ndiyo nyumba ya mwisho?"

Mashoga zangu, ardhi haikupasuka. Nilisubiri ipasuke, ikakataa.

"Nusu saa imepita," akaendelea. "Imezidi kwa dakika tano. Watu wako bado wako ndani. Wanakungoja uwatoe."

Nikageuka kutazama. Madirisha yote kumi yalikuwa yamefunguka upenyo, na kwenye kila upenyo kulikuwa na macho. Walikuwa wameniona. Waliniona tangu nilipobeba tofali. Na hakuna hata mmoja aliyetoka! Wananiona nanunua sukari, na bado wamekaa ndani, kwa sababu rimu haijalia.

Mwendo wa kutoka dukani mpaka kwenye rimu ni hatua kama hamsini. Nimetembea kutoka Mingoyo mpaka Lindi mjini kwa miguu, haikuwa ndefu kama hizo. Mfuko wa sukari nimeukumbatia, sina pa kuuficha. Nikagonga rimu mfululizo kwa mkono mmoja.

Milango ikafunguka taratibu. Wakatoka mmoja mmoja, vitambaa vibichi puani, wakasimama wakinitazama. Nilijiandaa kutukanwa. Nilitamani nitukanwe! Aliyesema alikuwa Mzee Chilumba, na alisema kwa upole.

"Mwanangu, lori tulilisikia. Lakini wewe ulitwambia hata lori la sukari likija tusitoke. Tukajua ni mtihani, mmelileta makusudi mtupime. Tukasema balozi wetu kiboko, mpaka lori kalipata. Tukatulia."

Machozi yalinitoka pale pale.

"Kumbe mtihani ulikuwa wa mtu mmoja tu," akasema Mama Pili, mikono kiunoni. "Na kaanguka!"

Kufikia hapo wale waliokimbia wakaanza kurudi, baada ya kuona watu wametoka na hakuna aliyekufa. Waliposikia ni zoezi, wakaniona mimi, wakauona mfuko. Mtafikiri nini nyie, mkiwa wao? Balozi kafungia watu wake ndani. Balozi kawatisha watu wa mtaa wa pili. Balozi kawa wa kwanza. Mnajua siku hizi mlanguzi anavyotazamwa!

"Kapanga! Huyu kapanga tangu mwanzo!" yule mama wa beseni alipiga kelele. "Mionzi, mionzi, kumbe mionzi ya kilo mbili!"

"Sikupanga!" nikasema. "Naapa sikupanga! Nilikwenda kuweka jiwe tu!"

"Ulisema unakagua nyumba ya mwisho," Ndugu Mratibu akasema. Hakusema kwa ubaya. Alikuwa anasoma kwenye daftari.

"Nyumba ya mwisho ni yangu," akasema Mzee Chilumba. "Ilikaguliwa mara moja tu."

Nikaurudisha mfuko kwa Ndugu Salehe mbele ya kadamnasi. Nikaomba, kwa magoti, nyumba zangu kumi ziwekwe mbele, maana kosa ni langu na si lao. Mtaa wa pili wakakataa katakata: mawe yao yametangulia, na jiwe ni mtu. Watu wangu wakajipanga nyuma, nami nikawa nyuma yao wote. Sukari iliishia nyumba ya sita. Nne hazikupata hata chembe, na ya Mzee Chilumba ni mojawapo. Mzee mwenyewe alikunja gunia lake, akarudi kwenye kinyago chake, akaanza kuchonga.

Nikamfuata. "Mzee, nisamehe."

"Nimekusamehe," akasema. "Sukari itakuja nyingine. Lakini nikwambie, mwanangu. Siku hicho chungu kikipasuka kweli, sie hatutasikiliza rimu. Tutatazama miguu yako inaelekea wapi."

Bora angenipiga na nyundo yake. Nimeduwaa tangu saa nne asubuhi, maneno hayo yanazunguka kichwani, na sipati pa kuyaweka, maana ni kweli. Semina nzima, majivu, rimu, vitambaa, vyote vilifanya kazi. Watu walikuwa tayari, wote, hata kuku. Kilichovuja ni balozi.

Ndugu Mratibu kabla hajaondoka alinionyesha alichoandika, ili nisije kusema nimeonewa. Nakinukuu kama kilivyo: "Wananchi wamefaulu. Balozi arudie."

Nikajifungia ndani. Mwajuma alisikia kila kitu kupitia ukutani, masikini, hakuniuliza. Alikunywa tena uji wake wa chumvi, akasema, "Mama, leo umekolea."

Kabla ya adhuhuri mlango ukagongwa. Sikufungua. Ukagongwa tena, kwa mwiko. Nikajua ni nani.

Mama Pili alikuwa na kikombe cha bati kimefunikwa kwa kisahani. Nyumba ya tatu ilipata sukari. Akanitazama juu mpaka chini, akanipa kikombe.

"Hii ni ya mzazi," akasema. "Wewe usilambe hata kijiko."

Nikabaki nalia mlangoni. Naye akafuta macho kwa upindo wa khanga, akadai ni moshi. (Moshi wenyewe haukuwapo. Jikoni kwangu moto ulikuwa umezimika tangu asubuhi.) Uji wa Mwajuma mchana huu umekuwa mtamu, na sikuuonja. Nimeunusa tu.

Lakini Mama Pili hakuja kwa kikombe peke yake. Alitumwa. Kumbe nyumba kumi zilikutana barazani kwa Mzee Chilumba bila mimi, mkutano wa kwanza katika miaka minne usio na balozi. Nilidhani wananivua cheo. Hapana. Wamekubali kurudia zoezi Jumamosi, tena kwa moyo wote, kwa sharti moja tu.

Msicheke, jamani. Jumamosi nitagonga rimu mara tatu, watu wataingia ndani, na mimi nitafungiwa nyumbani mwangu, kufuli kwa nje. Ufunguo atakuwa nao Mama Pili.